Maswali ya Wasomaji: Vita vya Burundi vilivyoisha na kesi zisizoisha

Tangu tulipochapisha makala kuhusu miaka 25 ya Mkataba wa Amani na Maridhiano wa Burundi, uliotiwa saini Arusha tarehe 28 Agosti 2000, barua zimemiminika kutoka Kigoma, Tabora, Mwanza, Bujumbura na kwingineko. Nyingi zinauliza jambo moja kwa njia mbalimbali: kama vita viliisha, mbona watu bado wanadaiana? Nimechagua sita na kuzifupisha. Walioziandika wameomba majina yao yasitajwe.

SWALI: Shikamoo Mhariri. Mimi ni mwanafunzi wa kidato cha tano. Kitabu kimoja kinasema vita vya Burundi viliisha mwaka 2000, kingine kinasema 2005, na babu yangu anashikilia kwamba ni 2009. Kwenye mtihani niandike upi? – *Mwanafunzi, Kigoma*

JIBU: Marahaba, mwanangu. Anza na chanzo, mwisho utaeleweka wenyewe. Mwezi Juni 1993 Warundi walimchagua Melchior Ndadaye, Mhutu wa kwanza kushika urais, katika nchi ambayo jeshi lake lilikuwa karibu lote mikononi mwa Watutsi. Alikaa madarakani miezi mitatu na ushei. Tarehe 21 Oktoba 1993 wanajeshi walimuua. Vijijini Wahutu wenye hasira wakawageukia majirani zao Watutsi na kuwaua, jeshi nalo likaenda kulipiza kwa Wahutu, na baada ya muda si mrefu vikundi vya waasi, hasa CNDD-FDD na Palipehutu-FNL, vikawa vinapigana na serikali kutoka milimani na kutoka ng'ambo ya mpaka wa Kongo. Inakadiriwa kwamba watu wapatao 300,000 walipoteza maisha.

Mkataba wa mwaka 2000 ulitiwa saini na pande 19: serikali, bunge na vyama vya siasa. Mzee Mandela alikuwepo, Rais Clinton wa Marekani alikuwepo, lakini makundi mawili yaliyokuwa yameshika bunduki msituni hayakuwemo miongoni mwa waliosaini. Ni sawa na kikao cha kusuluhisha ndoa ambacho mmoja wa wanandoa hakuhudhuria: wazee wanaweza kupanga mambo mazuri sana, ila usiku ugomvi utaendelea palepale. Ndivyo ilivyokuwa. Mwezi Julai 2003 FNL waliingia hadi ndani ya Bujumbura. CNDD-FDD walikubali kuingia serikalini na jeshini kwa makubaliano ya Pretoria, yaliyokamilishwa Dar es Salaam tarehe 16 Novemba 2003, lakini FNL walibaki nje, na tarehe 13 Agosti 2004 kundi hilo lilidai kuhusika na mauaji ya wakimbizi Wabanyamulenge (Watutsi wa Kongo) zaidi ya 150 katika kambi ya Gatumba, karibu na mpaka wa Kongo.

Mwaka 2005 ndio mwisho wa kipindi cha mpito: katiba mpya ilipitishwa kwa kura ya maoni mwezi Februari, na Pierre Nkurunziza, kiongozi wa waasi wa jana, akaapishwa kuwa rais tarehe 26 Agosti. FNL walisaini Dar es Salaam mwezi Septemba 2006, mwezi Aprili 2008 wakaurushia mji mkuu makombora, na waliweka silaha chini na kuwa chama cha siasa mwezi Aprili 2009. Kwenye mtihani andika 2005 kama mwisho wa serikali ya mpito, kisha ongeza sentensi moja ya kueleza 2009. Babu yako ana hoja nzito kuliko vitabu vyote viwili.

SWALI: Je, Mwalimu Nyerere angeishi, Arusha ingefanikiwa mapema zaidi? – *Mstaafu, Dar es Salaam*

JIBU: Sidhani, mzee wangu, na nasema hivi kwa heshima zote. Mazungumzo yaliyoanza Juni 1998 yalikuwa kazi ya mikono yake. Yeye ndiye aliyewaketisha pamoja watu waliokuwa hawawezi kunywa chai chumba kimoja, na alipofariki tarehe 14 Oktoba 1999 sehemu kubwa ya kazi ya kamati ilikuwa imeshafanyika. Lakini pia ni chini yake ambapo mrengo wenye silaha wa CNDD, yaani CNDD-FDD, uliachwa nje ya ukumbi, kwa kuwa alimtambua Léonard Nyangoma kama kiongozi halali wa kundi hilo wakati wapiganaji wengi walikuwa wameshamwacha. Mandela, aliyechukua nafasi yake ya usuluhishi, alijaribu kuwaingiza baadaye na wakagoma. Gharama ya kosa hilo ni miaka ile ya vita niliyomtajia kijana hapo juu.

SWALI: Ninaishi Buyenzi. Katiba yetu inahesabu Wahutu na Watutsi serikalini, bungeni na jeshini. Kule Rwanda hata kutaja kabila ni hatari. Je, sisi hatujaufanya ukabila kuwa wa kudumu kwa kuuandika kwenye sheria? – *Mfanyabiashara, Bujumbura*

JIBU: Ndugu yangu, swali lako lina uzito, lakini kwanza tukumbuke mgawo huo uliwekwa kuponya ugonjwa gani. Tangu mwaka 1966 hadi 1993 Burundi ilitawaliwa na marais watatu, Micombero, Bagaza na Buyoya, wote wanajeshi, wote Watutsi, na wote kutoka Rutovu katika mkoa wa Bururi. Mhutu aliyeshinda uchaguzi mwaka 1993 alikuta ikulu ni yake na bunduki si zake, na aliyoyapata tunayajua. Kwa hiyo Arusha ilishughulika hasa na bunduki. Katiba ya 2005 iliweka serikalini na katika Bunge la Taifa Wahutu wasiozidi asilimia 60 na Watutsi wasiozidi asilimia 40, Seneti ikagawanywa nusu kwa nusu, Watwa, kabila dogo la tatu, wakapewa nafasi tatu tatu katika kila baraza, wanawake angalau asilimia 30. Kifungu chenye uzito kuliko vyote, kwa maoni yangu, ni kile kinachosema kwamba hakuna kabila litakalozidi nusu ya vikosi vya ulinzi na usalama. Kabla ya hapo makubaliano ya Pretoria yalikuwa yamewapa CNDD-FDD asilimia 40 ya nafasi za maofisa jeshini.

Je, ilisaidia? Linganisha mwaka 1995 na 2015. Mwaka 1995 mitaa ya Bujumbura ilikuwa ikichujwa, Kamenge ikibaki ya Wahutu na Ngagara ya Watutsi, na mtu aliyekosea njia hakurudi nyumbani. Mwaka 2015, Rais Nkurunziza alipotaka muhula wa tatu, walioandamana kumpinga walikuwa Wahutu na Watutsi pamoja, na jaribio la mapinduzi la mwezi Mei liliongozwa na Jenerali Godefroid Niyombare, Mhutu aliyetoka katika chama kilekile cha rais. Ulikuwa ugomvi mbaya, watu waliuawa na vituo vya redio vikateketezwa, lakini haukugeuka vita vya kabila kwa kabila ingawa wapo wanasiasa waliojaribu kuuchochea uelekee huko. Mgawo huo haukuwafanya Warundi wapendane. Uliwanyima wanasiasa njia rahisi ya kusema kwamba wenzetu wana jeshi na sisi hatuna.

Upungufu nao upo. Chama kimoja kinaweza kujaza viti vyote vya mgawo kwa watu wake, Wahutu wake na Watutsi wake, na hapo hesabu ya kabila itatimia huku mamlaka yakiwa mkono mmoja. Katiba iliyopitishwa kwa kura ya maoni ya Mei 2018 iliipa Seneti muda wa miaka mitano kutathmini kama mgawo huo uendelee au ufutwe. Mimi ningeuacha jeshini hata kama ungefutwa kwingine kote. Kuhusu Rwanda, kutoutaja ukabila hadharani na kuumaliza ni mambo mawili.

SWALI: Ndugu Mhariri, mwaka 1972 nilivushwa mpaka nikiwa mgongoni mwa mama. Nimekulia makazi ya Ulyankulu na sasa ni raia wa Tanzania. Kaka yangu alirudi Rumonge mwaka 2008, akakuta familia nyingine kwenye shamba la baba, michikichi imekomaa. Wazee wa kilima (ndivyo Burundi wanavyoita kijiji) waliwapatanisha, wakagawana nusu kwa nusu. Miaka michache baadaye jirani yake, mwenye kesi ileile, akarudishiwa shamba lote, na kaka akajiona mjinga. Nani alikuwa sahihi? Na mimi nina haki yoyote pale? – *Mama wa watoto wanne, Tabora*

JIBU: Dada yangu, barua yako imenifanya niahirishe nyingine tatu, maana hapa ndipo vita vile vilipobaki hadi leo. Arusha ilipata jawabu la nani akae kwenye kiti gani. Kuhusu nani alime shamba gani ilitoa ahadi.

Ahadi yenyewe imo katika Itifaki ya Nne ya Mkataba: kila mkimbizi arudishiwe mali yake, hasa ardhi, na pale isipowezekana apewe fidia ya haki. Ni maneno mazuri. Sasa tuyapeleke Rumonge. Mwishoni mwa Aprili 1972 waasi wa Kihutu walishambulia kusini, Rumonge na Nyanza-Lac zikiwemo, wakaua Watutsi wengi. Serikali ya Micombero ikajibu kwa kuwaua Wahutu nchi nzima, hasa waliosoma, na watu waliouawa katika miezi michache hiyo hukadiriwa kuwa kati ya 100,000 na 300,000. Wazazi wako ni miongoni mwa waliowahi mpaka. Nyuma yao yalibaki mashamba kwenye uwanda wa Imbo, kando ya ziwa, ardhi yenye rutuba inayofaa mchikichi, na ardhi ya namna hiyo haikai bure. Sehemu moja ilichukuliwa na dola na kuingizwa katika miradi ya mawese, sehemu nyingine ikagawiwa watu walioletwa kutoka mikoa mingine, nyingine ikatwaliwa na majirani au hata ndugu. Kisha ikauzwa, ikarithiwa, ikauzwa tena. Anayelima leo, mara nyingi, ni mtu aliyenunua kwa jasho lake kutoka kwa mtu ambaye naye alinunua, na ana karatasi mkononi. Sheria ya ardhi ya mwaka 1986 nayo ilimtambua mtu aliyekalia ardhi kwa miaka 30 bila kusumbuliwa. Hesabu miaka kutoka 1972 hadi 2008 utaona kwa nini familia ile haikujiona mwizi.

Upande wa pili yupo kaka yako. Ushahidi wake si karatasi. Anaonyesha ua wa minyaa ulipopita, mkuyu uliokuwa uani, mahali alipozikwa bibi, kijito kilichokuwa mpaka. Wazee wa kilima wanaokumbuka wamebaki wachache, na kila mwaka wanapungua. Ukiwaweka watu hao wawili mbele ya hakimu, mmoja ana hati na mwingine ana kumbukumbu, na wote wawili wanasema kweli.

Serikali iliunda Tume ya Taifa ya Ardhi na Mali Nyingine mwaka 2006. Mwanzoni, chini ya Padri Astère Kana, tume hiyo ilipendelea kugawanya: nusu kwa aliyerudi, nusu kwa aliyekuwepo, ili wawe majirani. Alipofuata Askofu Sérapion Bambonanire, msimamo ukabadilika: mali ni ya mwenyewe wa mwanzo, irudishwe yote, na mashauri yaliyokwisha kwa kugawana yakafunguliwa upya. Hiyo ndiyo sababu ya tofauti kati ya kaka yako na jirani yake. Mwaka 2014 ikaundwa mahakama maalumu ya kusikiliza rufaa, na mwaka 2022 muda wa tume ukaisha.

Unaniuliza nani alikuwa sahihi. Kwa sheria kavu na kwa Mkataba, jirani. Mtu aliyekimbia kuuawa hajatelekeza mali yake, na miaka 30 ya uhamishoni haiwezi kuhesabiwa kama miaka 30 ya kukubali. Hata hivyo, Mkataba ulitamka mambo mawili, kurudisha na kufidia, na fidia haikufika kwa wengi. Kumrudishia mmoja shamba lote bila kumfidia aliyelinunua kwa nia njema ni kumtengeneza mkimbizi mwingine ndani ya nchi, na kilimani hilo halisahauliki. Kaka yako alipoteza nusu ya michikichi ambayo, tukubali, hakuipanda yeye, akapata jirani anayemsalimia asubuhi. Simwoni mjinga hata kidogo. Zingatia pia kwamba sensa ya 2008 ilihesabu zaidi ya watu milioni 8, zaidi ya mara mbili ya waliokuwepo mlipokimbia, na familia nyingi zinalima kipande kisichofika nusu hekta. Mashamba ya kuwatosha wenye haki wote hayapo, hata kama majaji wote wangekuwa malaika.

Kuhusu haki yako mwenyewe, nitakuambia bila kukuzungusha. Mwaka 2010 Tanzania iliridhia kuwapa uraia zaidi ya wakimbizi 162,000 wa mwaka 1972 waliokuwa Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Vyeti vilichelewa kwa sababu kulikuwa na mpango wa kuwatawanya mikoa mingine, vikaanza kugawiwa mwaka 2014 mpango huo ulipoachwa. Kwa hatua hiyo uliuacha uraia wa Burundi. Halafu lipo la pili, ambalo pengine lina nguvu zaidi: Burundi haina sheria iliyoandikwa ya mirathi, na kwa mila shamba la baba hurithiwa na wana wa kiume. Hata ungerudi na kaka yako mwaka ule wa 2008, ungelima kwa hisani yake. Kama kaka ni mtu mwema, zungumza naye akiwa hai na mbele ya mashahidi kuhusu sehemu ya mavuno, wala usisubiri watoto wake na wako wakutane mahakamani.

SWALI: Babu yangu alikuwa mwalimu Gitega. Mwaka 1972 alipandishwa lori, hakurudi. Nimesikia makaburi yamefukuliwa Karusi. Je, kuna uwezekano wa kumtambua? Na kwa nini wanafukua ya 1972 tu? – *Msomaji, Mwanza*

JIBU: Pole sana. Ulichosikia ni kweli. Mapema mwaka 2020 Tume ya Ukweli na Maridhiano, ambayo ilitajwa Arusha mwaka 2000 na sheria yake ikapatikana mwaka 2014 tu, ilifukua makaburi ya halaiki kando ya mto Ruvubu, mkoani Karusi, ikatangaza kupata mabaki ya watu zaidi ya 6,000. Wengi waliopelekwa pale walitoka Gitega kwa malori, hivyo simulizi ya familia yenu inaendana na mahali hapo. Utambuzi uliofanyika ulitegemea vitu zaidi ya mifupa: vipande vya nguo, miwani, rozari. Kama kuna mtu katika familia anayekumbuka babu alivaa nini siku ile, alikuwa na miwani ya namna gani au alibeba nini mfukoni, yaandikwe leo, pamoja na tarehe na jina la shule aliyofundisha. Ninasikitika kusema kwamba kwa familia nyingi jawabu litaishia kwenye kujua mahali, bila kujua mfupa upi.

Swali lako la pili ni zito. Desemba 2021 Bunge na Seneti la Burundi, kwa kufuata ripoti ya Tume, yaliyatangaza mauaji ya 1972 kuwa mauaji ya kimbari dhidi ya Wahutu. Waliyoyapata Wahutu mwaka ule yalinyamaziwa kwa miongo, na kuyataja hadharani ni haki yao. Lakini Watutsi waliouawa Oktoba 1993 nao wana jamaa wanaosubiri, wakiwemo wazazi wa wanafunzi wa Kibimba waliochomwa moto ndani ya kituo cha mafuta. Tume ikifukua upande mmoja kwa bidii na upande mwingine kwa kusuasua, wananchi wataihesabu kama chombo cha washindi, hata kama kila mfupa iliouonyesha ni wa kweli. Aprili 1997 wanafunzi 40 wa seminari ya Buta waliuawa baada ya kuamriwa wajitenge Wahutu huku na Watutsi huku, wakakataa. Watoto wale walizikwa pamoja. Sioni kwa nini Tume ishindwe kuwafukua wakubwa wao kwa kipimo kimoja.

SWALI: Tulikimbia 2015, tupo Nyarugusu. Wengine wanasema sisi ni wakimbizi wa vita vilevile vya 1993, wengine wanasema vita viliisha na turudi. Tujiiteje? – *Baba wa familia, Kasulu*

JIBU: Mzee mwenzangu, najua wapo kwenu ambao hii ni mara ya tatu: walikimbia 1972 wakiwa watoto au 1993 wakiwa vijana, wakarudi, wakakimbia tena. Kambi ya Mtabila ilifungwa mwishoni mwa mwaka 2012 na watu wapatao 35,000 wakarudishwa kwa hoja kwamba vita vimekwisha. Haikupita miaka mitatu, mwezi Mei 2015, ufuo wa Kagunga ukajaa maelfu ya watu, kipindupindu kikaingia, na meli kongwe ya MV Liemba, ambayo haikuwa na gati pale, ikawa inatia nanga majini na kuwapakia watu kutoka mitumbwini, ikiwapeleka Kigoma mkupuo baada ya mkupuo. Idadi ya waliokimbia Burundi baadaye ilipita 400,000, na wengi walikuja Tanzania.

Hata hivyo nakushauri usikubali kuitwa mkimbizi wa vita vya 1993. Kwa kumbukumbu za moyoni ni msiba mmoja, lakini mbele ya maofisa ni kesi mbili. Ile ya 1993 ilishafungwa, na ukijiweka humo utajibiwa kwamba vita viliisha, kama walivyojibiwa watu wa Mtabila. Ulikimbia kwa jambo lililotokea 2015: muhula wa tatu, vijana wa chama mtaani, jina lako kwenye orodha, au lolote lililokuwa lako. Utakapoitwa kwenye usaili, eleza hilo, kwa tarehe na mahali, na uzungumzie kama hatari hiyo bado ipo kilimani kwenu leo. Wanaorudi kwa hiari tangu Septemba 2017 wamefanya uamuzi wao na wapo waliofika salama. Uamuzi wako upimwe kwa hali ya kilima chako, na kabla ya kujiandikisha kwa basi ulizia kwanza shamba lako linalimwa na nani.